Mtumishi anayedai mshahara aanze na barua yenye muhuri

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niseme na walimu, wauguzi, maofisa ugani na watendaji wa kata na vijiji wa mikoa ya Kigoma na Tabora wanaoidai Serikali mishahara. Nina neno pia kwa wakurugenzi wao.

Kila inapovuma habari kwamba mtumishi fulani ameshindwa kesi ya mshahara, vijiweni utasikia kuwa Serikali haishtakiki. Inashtakika. Tatizo ni kwamba mashauri mengi ya aina hii huanguka kabla jaji hajafika kwenye swali lenyewe, kama mtu huyu alifanya kazi miezi hiyo na hakulipwa. Wakili wa Serikali husimama na pingamizi la awali: mdai amekuja kwenye chombo kisicho na mamlaka, au muda umempita, au hakutoa notisi, au hakumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Pingamizi likikubaliwa, hati za mshahara za miaka mitatu zinarudi nyumbani ndani ya bahasha bila kusomwa. Inauma, maana Ibara ya 23 ya Katiba inasema kila anayefanya kazi anastahili kupata malipo ya haki.

Mtumishi ajue kwanza anadai nini. Maofisini madai yamegawanyika mafungu mawili, na kuyachanganya ni kosa la kwanza. Fungu moja ni malimbikizo ya mishahara: aliyeajiriwa akachelewa kuingizwa kwenye orodha ya malipo, aliyepandishwa daraja mshahara ukabaki wa zamani, aliyebadilishwa kada, aliyehama halmashauri na mshahara wake ukakwama njiani, aliyeondolewa kwenye mfumo kimakosa. Haya huombwa na mwajiri ndani ya Mfumo wa Taarifa za Kiutumishi na Mishahara, ule unaoitwa HCMIS, yakahakikiwa, kisha Hazina ikalipa. Fungu la pili ni madai yasiyo ya mshahara, kama nauli ya likizo, posho ya kujikimu, gharama za uhamisho na matibabu. Haya hulipwa na halmashauri yenyewe kwenye fedha zake za matumizi. Mwalimu akiandika barua moja yenye malimbikizo ya daraja, nauli ya likizo na fedha ya mizigo, barua hiyo huzunguka kati ya meza ya utumishi na meza ya uhasibu, na kila meza husubiri mwenzake aanze. Andika barua mbili.

Kwenye malimbikizo yenyewe, tofautisha deni ambalo mwajiri analikubali na deni analolikataa. Mwajiri akilikubali, kazi iliyobaki ni ya ofisini, na kukimbilia mahakamani ni kupoteza miezi. Hapo muulize Ofisa Utumishi maswali matatu: dai langu limeingizwa kwenye mfumo, limeingizwa kwa miezi mingapi, na limekwama hatua gani? Mara nyingi jibu ni dogo kuliko mtu alivyodhani. Jina kwenye kitambulisho cha Taifa halifanani na la cheti. Akaunti ya benki ilifungwa. Tarehe ya kuanza cheo kwenye mfumo ni tofauti na ile iliyo kwenye barua. Hilo la tarehe linataka uangalifu wa pekee kwa waliopewa barua za kupanda daraja mwaka 2016, kabla upandishaji haujasitishwa kupisha uhakiki, kisha wakapewa barua nyingine zenye tarehe mpya. Ukiwa na barua mbili za cheo kimoja, huwezi kupiga hesabu kwa ile unayoipenda bila kwanza kuomba ufafanuzi wa maandishi kuhusu barua ipi inasimama.

Ufafanuzi wa maandishi ndio moyo wa barua yangu hii. Mtumishi wa Kalya kule Uvinza, au wa Loya huko Uyui, husafiri hadi makao makuu ya halmashauri, akaambiwa mlangoni "subiri, linashughulikiwa", akarudi. Mwaka unaofuata anarudi tena, na jibu ni lile lile. Kwa jicho la sheria mtu huyu hajafanya kitu. Neno "subiri" halina tarehe, halina sahihi, na hakuna rufaa inayokatwa dhidi yake. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na mshahara ni mali.

Barua ya madai ipitishwe ngazi zake, K.K. (yaani kupitia kwa) Mkuu wa Shule au Mganga Mfawidhi, iende kwa Mkurugenzi Mtendaji. Itaje cheki namba, yaani namba yako kwenye orodha ya malipo ya mishahara, kituo cha kazi, miezi inayodaiwa mmoja mmoja, kiasi cha kila mwezi, na namba na tarehe ya barua ya ajira au ya cheo inayokupa haki hiyo. Iombe jibu kwa maandishi na itaje tarehe ya mwisho ya kujibiwa. Nenda nayo masjala ukiwa na nakala yako, igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe, na aliyeipokea aandike jina. Mkuu wa kituo akikataa kuipitisha, peleka nakala moja kwa moja kwa Mkurugenzi na ueleze ndani ya barua kwamba ilikataliwa tarehe fulani. Nakala hiyo yenye muhuri ina thamani kuliko safari kumi. Siku utakapoiomba Mahakama Kuu imwamuru ofisa wa umma atimize wajibu wake, jambo mojawapo utakaloulizwa ni kama ulimdai waziwazi naye akakataa au akanyamaza. Bila barua huna jibu la swali hilo.

Sasa niingie kwenye deni linalokataliwa. Hapa ndipo watu wengi wanapotea, kwa sababu bado wanafuata ushauri wa zamani. Zamani mtumishi wa umma mwenye mgogoro alikwenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, kama mfanyakazi wa kiwandani. Mwaka 2016 Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura ya 298, iliongezwa kifungu kilichopewa namba 32A, kinachomtaka mtumishi wa umma amalize kwanza njia zote zilizomo ndani ya sheria hiyo kabla ya kutafuta nafuu kwenye sheria za kazi. Kisha mwaka 2022 Mahakama ya Rufani ikiwa Mtwara, katika rufaa iliyolihusu Shirika la Posta, ikasema wazi kwamba CMA haina mamlaka juu ya mgogoro wa mtumishi wa umma. Pamoja na hayo, wapo wanaoendelea kujaziwa fomu namba moja ya CMA na watu wanaolipwa kwa kazi hiyo, ilhali shauri litafutwa hata kama mtumishi ameshinda, tena likiwa limefika ngazi ya juu na miaka imekwisha. Suala la mamlaka linaweza kuibuliwa hatua yoyote.

Njia ya ndani inategemea kwa nini mshahara ulikatwa. Ikiwa ni suala la nidhamu, mathalani mshahara umesitishwa kwa madai ya utoro wa zaidi ya siku tano, au umefukuzwa kazi, rufaa inakwenda Tume ya Utumishi wa Umma, na kutoka hapo kwa Rais, ambaye uamuzi wake ni wa mwisho katika njia ya ndani. Muda ni siku 45 tangu ulipopokea uamuzi. Ukipokea barua tarehe 3 Februari ya mwaka usio mrefu, wenye Februari ya siku 28, siku yako ya mwisho ni 20 Machi. Andika juu ya barua tarehe uliyoipokea na usaini kwenye dispachi, lile daftari la kupokelea barua, kwa tarehe ya kweli. Ofisi ikikutaka usaini tarehe ya nyuma, kataa, kwa maana siku hizo unazikata kwenye rufaa yako mwenyewe.

Mwalimu wa shule ya Serikali ana jambo lake. Nidhamu yake iko chini ya Tume ya Utumishi wa Walimu, TSC, kuanzia wilayani, na rufaa hupanda hadi makao makuu ya Tume hiyo na kwa Rais. Lakini anayeingiza na kutoa mshahara wake kwenye mfumo ni Mkurugenzi wa Halmashauri. Mwalimu aliyeshinda rufaa TSC akakaa kusubiri TSC imlipe atasubiri sana. Achukue nakala ya uamuzi, aiambatishe kwenye barua ya madai, ampelekee Mkurugenzi.

Aliyesimamishwa kazi kwa nusu mshahara kupisha uchunguzi, kisha tuhuma zisithibitike, anastahili kurudishiwa ile nusu iliyozuiwa. Kosa linalojirudia ni kupokea barua ya kurejeshwa kazini isemayo tu "uripoti kituoni mara moja" na kuondoka nayo kwa furaha. Barua hiyo haisemi lolote juu ya fedha iliyozuiwa. Andika siku hiyo hiyo uombe ielezwe kwamba kurejeshwa kwako ni pamoja na malipo ya miezi yote, itajwe kuanzia lini hadi lini. Bila hivyo, mwaka unaofuata Ofisa Utumishi mpya atakuuliza nani aliagiza ulipwe.

Njia za ndani zikiisha, inabaki Mahakama Kuu. Watu wa Kigoma zamani waliifuata Tabora. Sasa Kigoma ina masjala yake ya Mahakama Kuu, na dai hufunguliwa kwenye masjala ya eneo ambako lilizaliwa. Aliyekuwa Kaliua au Sikonge ataendelea na Tabora.

Ikiwa unapinga uamuzi wa mamlaka, au unaomba amri ya kumlazimisha ofisa atekeleze, njia ni mapitio ya Mahakama chini ya kanuni za mwaka 2014. Ina hatua mbili. Kwanza unaomba kibali, ndani ya miezi sita tangu tarehe ya uamuzi. Angalia, si tangu ulipoupokea. Barua ya kutoka Dodoma ikikaa miezi miwili kwenye masjala ya wilaya, umebakiwa na minne, kwa hiyo ulizia barua yako mwenyewe usingoje kuitwa. Ukipewa kibali, maombi yenyewe yanapaswa kuwasilishwa ndani ya siku 14, na siku hizo 14 zimewazika wengi walioenda kusherehekea kibali kana kwamba ni ushindi. Maelezo na kiapo viwe tayari kabla kibali hakijatoka.

Ikiwa ni shauri la kawaida la madai, Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali, Sura ya 5, inataka notisi ya siku 90. Tangu marekebisho ya mwaka 2020 sharti hilo linazihusu pia halmashauri, kwa hiyo ile notisi ya mwezi mmoja ambayo bado inapigwa chapa kwenye vibanda vya jirani na mahakama haifai tena. Notisi iende kwa Mkurugenzi, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali na kwa Wakili Mkuu wa Serikali, na zote ziwe na ushahidi wa kupokelewa. Notisi iliyopokelewa 10 Machi inatimiza siku 90 tarehe 8 Juni. Usifungue shauri kabla ya tarehe 9. Wadaiwa ni Halmashauri pamoja na Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Asipounganishwa huyu wa pili, mwenendo wote unaharibika. Mkurugenzi hashtakiwi kwa jina lake, wala mkuu wa shule. Shauri lenyewe ni la Mahakama Kuu hata kama unadai milioni mbili tu. Mahakama ya wilaya haina mamlaka hapo.

Shauri likianguka kwa pingamizi, soma neno lililotumika. Likiwa "limeondolewa", unaweza kurekebisha kasoro na kulifungua upya iwapo muda haujakwisha. Likiwa "limetupiliwa mbali", kwa kawaida njia iliyobaki ni rufaa. Na ukiomba kuongezewa muda, mahakama zetu zinataka maelezo ya kila siku uliyochelewa. Kuumwa wiki mbili hakuelezi miezi mitano.

Nije kwenye hesabu, kwa sababu hata aliyevuka vizingiti vyote hivyo anaweza kushindwa hapa. Mshahara usiolipwa ni dai mahususi. Lazima litajwe kwa shilingi na lithibitishwe lote, jaji hakisii. Kuandika "nadai takribani milioni kumi" ni kujishindisha mwenyewe. Tengeneza jedwali la safu nne: mwezi, mshahara uliostahili, uliolipwa, tofauti. Chukua mfano wa mtumishi aliyestahili 960,000 kwa mwezi akawa analipwa 800,000, kuanzia Julai hadi Juni mwaka uliofuata. Tofauti ni 160,000 mara 12, sawa na 1,920,000. Hesabu ikivuka Julai nyingine, tazama kama mwaka huo nyongeza ya mwaka ilitolewa. Wapo wanaojiongezea nyongeza kila Julai kwa miaka yote, ilhali kwa miaka kadhaa hadi iliporejeshwa mwaka 2023 nyongeza hiyo haikulipwa kwa mtu. Wakili wa Serikali akikamata mstari mmoja wa namna hiyo, anatia shaka jedwali zima.

Dai kiasi ghafi, kabla ya makato. Kodi, bima ya afya na mkopo wa elimu ya juu vitakatwa wakati wa kulipa, na si kazi yako kuvipunguza kwenye dai. Lakini usisahau mfuko wa pensheni. Kwa mtumishi aliye PSSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii wa watumishi wa umma, yeye huchangia asilimia 5 na mwajiri asilimia 15. Kwenye ile 1,920,000, michango iliyokosekana ni 96,000 yake na 288,000 ya mwajiri. Dai ni pamoja na michango hiyo kuwasilishwa, na liandikwe hivyo kama ombi linalojitegemea. Atakayelisahau leo atalikuta siku ya kustaafu, wakati wa kuhesabu miezi ya kuchangia na mshahara uliotumika kwenye kikokotoo, ile kanuni ya kupigia hesabu ya pensheni.

Vielelezo vithibitishe mambo mawili: kwamba hukulipwa, na kwamba ulikuwa kazini. La kwanza ni hati za mshahara na taarifa ya benki ya miezi yote inayodaiwa, pamoja na mwezi mmoja kabla na mmoja baada. La pili husahaulika. Ulipoondolewa kwenye mfumo na kuendelea kufundisha, nani atasema ulifundisha? Daftari la mahudhurio, andalio la somo lililosainiwa, zamu ya wodi, ruhusa ulizoomba. Piga nakala mapema, kwa kuwa madaftari ya zamani huliwa na mchwa stoo. Hati iliyochapwa kutoka kwenye mtandao ni ushahidi wa kielektroniki, na chini ya sheria ya mwaka 2015 inahitaji kiapo kinachoeleza ilitoka mfumo gani, nani aliichapa, kwa kifaa gani. Kama barua halisi iko kwenye jalada la mwajiri, mpe notisi ailete, ndipo nakala yako ipokelewe.

Ukishinda, usitafute dalali. Mali ya Serikali haikamatwi wala kupigwa mnada kwa deni la hukumu. Unaomba mahakamani hati ya amri, unaipeleka kwa Ofisa Masuuli, msimamizi mkuu wa fedha za ofisi inayodaiwa, naye ndiye mwenye wajibu wa kulipa. Riba ya hukumu kwa kawaida ni asilimia 7 kwa mwaka hadi deni liishe, kwa hiyo ofisi inayochelewa inaongeza deni lake yenyewe. Peleka hati hiyo kabla halmashauri haijafunga makadirio ya mwaka wa fedha unaoanza Julai. Ikifika baada ya hapo, utaambiwa fungu halikutengwa.

Asiye na uwezo wa wakili aende kwenye chama chake cha wafanyakazi, CWT, TUGHE au TALGWU, maana makato ya kila mwezi yanampa haki ya kuomba msaada huo, au kwa wasaidizi wa kisheria wanaotambuliwa na sheria ya mwaka 2017. Aende mapema, siku ya tano baada ya barua. Siku ya arobaini na nne ni hatari.

Kwa wakurugenzi wa halmashauri zetu, kuanzia Kakonko hadi Igunga, nina ombi ambalo halihitaji bajeti. Kila halmashauri iwe na daftari moja la madai ya mishahara, kila dai lipewe namba siku linapopokelewa, na mtumishi ajibiwe kwa maandishi ndani ya siku 30 kama limekubaliwa, limekataliwa na kwa sababu gani, au limekwama hatua ipi. Na kila Julai orodha ibandikwe kwenye ubao wa matangazo kwa cheki namba, bila majina, ikionyesha miezi iliyohakikiwa na tarehe iliyoingizwa kwenye mfumo, ili mwalimu wa Loya aweze kumpigia simu mwenzake wa mjini amsomee mstari wake.

Wako katika ujenzi wa Taifa,
Mdau wa utumishi wa umma,
Mwanga, Kigoma Ujiji